Kwa Nini Taita Haikuwinda kwa Kozi

Mwaka 1895 wataalamu wawili wa ndege kutoka Ujerumani, Anton Reichenow na Oscar Neumann, walimwingiza katika vitabu vya sayansi kozi mmoja mdogo mwenye mabaka ya rangi ya kutu kisogoni, ambaye mfano wake ulikuwa umepatikana Taita, nchini Kenya. Jina la kisayansi walilompa ni Falco fasciinucha, lakini duniani kote wapenda ndege wanamjua kama kozi wa Taita. Ni ndege wa gramu 200 hadi 350 tu, mwenye mbio za ajabu, anayeishi kwenye magenge ya miamba na kukamata ndege wenzake hewani. La kuchekesha kidogo ni kwamba Taita kwenyewe haonekani kwa urahisi. Anayetaka kumwona hushauriwa aende kwenye makorongo ya mto Zambezi chini ya maporomoko ya Victoria, au kwenye magenge ya Blyde huko Afrika Kusini. Hata hivyo jina lake linaibua swali la kihistoria. Hii ni nchi yenye magenge, yenye kozi na tai wa aina nyingi, yenye wawindaji waliosifika tangu zama za misafara. Pwani ya jirani ilifikiwa kwa karne nyingi na mabaharia wa Ghuba, ambako kuwinda kwa kozi ni fahari ya ukoo. Mbona basi desturi hiyo haikuota Taita?

Jibu jepesi ni kwamba Wataita hawakujua. Jibu hilo silikubali, na nitaeleza kwa nini. Nyika iliyo kati ya Miasenyi na Voi, pamoja na milima inayoizunguka (Kasigau wa mita 1,641 upande wa kusini, Sagalla karibu na Voi, kisha safu ya Dawida yenye kilele cha Vuria cha mita 2,208), ilikuwa na njia yake ya kupata nyama na asali ambayo haikuhitaji ndege wa kufugwa. Zaidi ya hapo, ilikuwa na namna nyingine kabisa ya kushirikiana na ndege: badala ya kumshika na kumwongoza, mtu alimfuata.

Tuanze kule desturi ilikokomaa. Wakazaki wa milima ya Altai, katika mkoa wa Bayan-Ölgii ulioko Mongolia magharibi, na ndugu zao wa Kazakhstan, huwinda kwa tai dhahabu wanayemwita berkut. Humchagua jike kwa kuwa ni mkubwa na mkali kuliko dume, naye anaweza kufikia kilo sita. Humtwaa akiwa mdogo, humzoeza kwa miezi, humfunika macho kwa kofia ya ngozi ili atulie, na mkono unaombeba huegemezwa kwenye gongo lililofungwa tandikoni, maana hakuna bega linalohimili uzito huo siku nzima. Msimu ni majira ya baridi. Theluji imeonyesha nyayo, manyoya ya mbweha yamenenepa na yana bei, mwindaji amepanda farasi hadi ukingo wa juu, mwenzake yuko bondeni anaswaga. Baada ya miaka kadhaa tai huachiliwa arudi porini akazae. Ukiutazama mpangilio huu kwa makini utaona kwamba ndege mwenyewe ni kipande kimoja tu cha mtambo. Vipande vingine ni farasi, uwazi wa kuona mbali, soko la manyoya, na kundi la mifugo nyumbani la kumlisha tai miezi ambayo hawindi.

Sasa uchukue mtambo huo uuteremshe Miasenyi. Farasi ndiye wa kwanza kuanguka. Nyika ya Tsavo ni makao ya mbung'o, na ushahidi wa kile mbung'o na maradhi huwafanyia wanyama wa kupandwa upo katika vita vya 1916, pale jeshi la Jenerali Smuts lilipoondoka upande wa Voi na Taveta kuwafukuza Wajerumani na kupoteza maelfu kwa maelfu ya farasi na nyumbu wa mizigo. Uwazi nao haupo: vichaka vya miiba vimefungamana kiasi kwamba wasafiri wa karne ya 19 waliilalamikia nyika ya Taru kuliko jangwa halisi. Kanga, kwale, sungura na digidigi wote hujua kwamba hatua tatu tu zinatosha kutoweka kichakani. Na baridi ya kunenepesha manyoya haipo kabisa. Mnyama aliyekuwa na soko hapa alikuwa tembo, na tembo hakamatwi na tai.

Msomaji makini atapinga hapa, na ana haki. Kuna nchi za misitu ambako watu waliwinda kwa ndege bila farasi wala nyika wazi. Ulaya na Japani walimtumia kipanga wa msituni anayepenya baina ya miti. Kwa hiyo vichaka peke yake si sababu ya kutosha. Ni kweli, lakini tuulize nani aliyegharimia ndege hao. Huko ndege wa kuwindia aliishi kwa kivuli cha baraza: mfalme, mkuu wa jeshi, mtu mwenye watumishi wa kukaa na ndege usiku kucha na nyama ya kumpa kila siku. Mfalme Frederick wa Pili aliandika kitabu kizima juu ya fani hii katika karne ya 13, na alikuwa na wafugaji wa ndege kwenye orodha ya mishahara yake. Kwa hiyo historia inatuonyesha njia mbili, ya mfugaji wa nyika mwenye farasi na ya mtawala mwenye ghala. Taita haikuwa na mfugaji wa namna ile wala mtawala wa namna ile. Nchi ya Dawida iliendeshwa na wazee wa koo, kila ukoo na mashamba yake kuanzia kilimani hadi bondeni, na nyama ilikuwa kitoweo cha nadra ambacho hakuna mtu angekitupia ndege kwa ajili ya fahari. Hata Unguja, ambako Sultani Seyyid Said wa Oman alihamishia kiti chake, palikuwa na baraza lakini hapakuwa na jangwa wala hubara wa kukimbizwa jangwani.

Hoja kwamba ndege wa hapa pengine hawafundishiki nayo haisimami. Kozi wa Taita mwenyewe ameshafugwa na kuzalishwa na wapenzi wa fani hii, na huko Zimbabwe, ambako desturi ililetwa na walowezi, wanafunzi wa Falcon College iliyoko Esigodini walikuwa miongoni mwa waliomchunguza zaidi magengeni. Anafundishika vizuri, ila atakuletea kijumbamshale au mbayuwayu, na hiyo si chakula cha nyumba. Tai mweusi wa kwenye miamba hukamata pimbi, lakini pimbi huyo huyo mtoto wa Kasigau humnasa kwa mtego. Waswahili wa pwani walimtazama kozi kwa heshima ya mbali. Methali yao husema kozi mwana mandanda, kulala na njaa kupenda, yaani akikosa windo ni kwa hiari yake mwenyewe. Ni sifa kwa mwindaji huru, na haina dalili ya mtu aliyewahi kumtia kamba mguuni.

Kilichofanya kazi ya tai hapa kilikuwa mshale. Msafiri Joseph Thomson alipopita mwaka 1883, na kabla yake mmisionari Johannes Rebmann miaka ya 1840, waliwakuta Wataita na pinde zao. Majirani zao wa nyikani, jamii ya Waata ambao wengine waliwaita Walangulu, walifikisha fani hii mbali zaidi: upinde wao ulihitaji nguvu ya kuvuta iliyozidi paundi 100, sawa na pinde za vita za Waingereza wa kale. Sumu ilitoka kwenye mti wa msunguti. Vipande vya mti vilichemshwa kwa saa nyingi hadi kubaki utomvu mweusi kama lami, ukapakwa kwenye chembe na kufungwa kwa ngozi laini usikauke wala usimdhuru mwenye kuubeba. Ikiwa mbichi, sumu hiyo husimamisha moyo wa tembo ndani ya muda mfupi. Watengenezaji mashuhuri walikuwa Wagiriama, nao waliiuza hadi bara. Mtu mwenye podo la mishale ya namna hiyo hana sababu ya kulisha ndege mwaka mzima ili apate sungura. Na mishale ilipata soko: pembe zilipelekwa kwa misafara ya Mombasa, zikarudi nguo, shanga na waya. Hapo ndipo lilipokuwepo soko lililofanana na lile la manyoya ya mbweha.

Lakini kuna ndege mmoja ambaye wawindaji wa Afrika ya Mashariki walimhitaji kwa kweli, naye ni yule anayeonyesha asali. Padri Mreno João dos Santos alimwelezea mwishoni mwa karne ya 16 huko Sofala, na kwa muda mrefu wasomi wa Ulaya waliona hadithi hiyo ni porojo. Ilichukua hadi mwaka 1989 kwa Hussein Adan Isack, mtafiti Mkenya, pamoja na H.-U. Reyer, kuthibitisha kwa vipimo miongoni mwa Waborana wa kaskazini mwa Kenya. Mtu aliyetafuta mzinga peke yake katika nchi asiyoijua alihitaji wastani wa karibu saa tisa. Aliyeongozwa na ndege alihitaji saa tatu na dakika chache. Na ndege naye hana hasara: asilimia 96 ya mizinga ile asingeweza kuifikia kabla mtu hajaipasua kwa shoka na kuifukiza moshi. Mtu hutwaa asali, ndege hula nta na majana. Mwaka 2016 utafiti wa Claire Spottiswoode na wenzake kwa Wayao wa Msumbiji ukaongeza jambo la kushangaza zaidi: ndege anajua mlio wa watu wa mahali pake. Mwindaji akitoa mlio aliofundishwa na baba yake, nafasi ya kupata mzinga hupanda kutoka asilimia 16 hadi 54.

Tofauti na desturi ya Wakazaki ni kubwa. Berkut hutwaliwa kiotani, hufunikwa macho, hufundishwa kuuogopa na kuupenda mkono mmoja. Ndege wa asali hana kamba, hana kofia, hajawahi kulishwa na mtu mkononi, na akichoka kukungoja huenda zake. Yote mawili ni ushirika wa kweli, lakini wa kwanza umejengwa juu ya kumiliki na wa pili juu ya kusikilizana. Siandiki haya ili nimdharau Mkazaki. Kumlea tai hadi akubali kurudi mkononi mwako ni elimu nzito. Nasema tu kwamba nyika ya vichaka, ambako jicho halioni hatua hamsini mbele, ililipa zaidi sikio na miguu kuliko mkono.

Elimu hiyo hiyo ya kufuata ndiyo iliyojenga kazi ya kuongoza watu milimani, ambayo leo huuzwa kama matembezi ya siku moja. Msafara wa kutoka Mombasa ulitanguliwa na kirongozi, na baada ya Rabai maisha ya wote yalitegemea kujua ngurunga zilipo, yaani mashimo ya mwambani yanayoshika maji ya mvua huko Taru na Maungu. Ukikosa ngurunga moja, inayofuata iko mbali ya siku nzima ya kutembea kwa kiu. Rebmann alifika Kasigau Oktoba 1847 kwa kuongozwa. Mwaka uliofuata alirudi akiwa na Bwana Kheri, mtu wa misafara wa Mombasa aliyeijua njia, akavuka Taita, na tarehe 11 Mei 1848 akaona theluji ya Kilimanjaro ambayo Waingereza wengine walikataa kuisadiki. Vitabu vinamtaja Rebmann kama mgunduzi. Njia aliyopita ilikuwa ya watu waliokwishaipita mara nyingi, na milima ya Taita ilikuwa kwao kituo cha kununua chakula na kujaza maji kabla ya kuendelea Taveta.

Wapo watakaosema kwamba labda desturi ya ndege ilikuwepo, ila serikali ya kikoloni ikaizima kama ilivyozima mengi. Pigo la kikoloni lilikuwa kubwa kweli, na linaonekana wazi katika yale lililoyapiga. Agosti 1915 Waingereza waliwahamisha watu wa Kasigau kwa nguvu hadi Malindi kwa tuhuma za kuwasaidia Wajerumani. Wengi walifia huko, na waliobaki waliruhusiwa kurudi mwaka 1936. Kwa zaidi ya miaka 20 mlima ule ulikaa bila watu walioujua. Aprili 1948 ilitangazwa hifadhi ya Tsavo, ambayo pande zake mbili zinashika zaidi ya nusu ya eneo la kaunti ya leo ya Taita Taveta. Kati ya 1956 na 1957 wasimamizi wa hifadhi hiyo, David Sheldrick na Bill Woodley, waliendesha operesheni iliyowajaza Waata gerezani. Mradi wa Galana wa mwaka 1960, uliokusudia kuwapa wawindaji hao kazi halali kwenye ardhi yao ya zamani, haukuwarudishia uhuru wao. Mei 1977 uwindaji wote ukapigwa marufuku Kenya. Kila hatua ililenga pinde, sumu, mitego na pembe, kwa sababu hivyo ndivyo vilivyokuwepo. Wala maelezo ya Rebmann na Thomson, yaliyoandikwa kabla ya sheria yoyote ya wanyamapori, hayana kozi mkononi mwa Mtaita.

Linabaki pingamizi zito kuliko yote, la anayesema kwamba desturi si mali ya mawe na vichaka. Huhama, hukopwa, hubuniwa upya. Wakazaki wenyewe ni shahidi wake. Ukoloni wa Kisovieti uliwalazimisha wahamaji wakae mahali pamoja, njaa ya 1930 hadi 1933 iliua watu takriban milioni moja na nusu Kazakhstan, na fani ya berkut ikabaki imara zaidi kwa wale waliokuwa upande wa Mongolia. Tamasha la tai la Bayan-Ölgii, ambalo watalii hupanda ndege kulifuata, lilianza mwaka 1999 tu. Mwaka 2016 Kazakhstan ikajiunga kwenye orodha ya urithi wa UNESCO ya kuwinda kwa ndege. Afrika nzima inawakilishwa humo na Moroko peke yake. Kama tamasha la juzi linaweza kuitwa urithi, kwa nini mwekezaji asilete kozi na matembezi ya mlimani Taita, hasa tangu reli mpya ya 2017 iliposimamisha kituo Miasenyi? Kisheria atakwama mapema, kwani sheria ya wanyamapori ya 2013 hairuhusu kukamata ndege pori bila kibali. Lakini hata akipata kibali, mfano wake unamrudi. Waliofufua tamasha la Altai walikuta familia ambazo bado zilikuwa na tai nyumbani. Utalii ulikuta moto ukaupuliza. Ufufuo wa aina hiyo Taita ungepaswa kuanzia kwa kile ambacho kingali mikononi mwa watu.

Na kipo. Sagalla, kwenye mashamba yanayopakana na hifadhi, mizinga ya nyuki imetundikwa kwenye waya kuzunguka mahindi. Tembo akigusa waya, mizinga huyumba na nyuki hutoka. Ufuatiliaji wa miaka tisa uliochapishwa mwaka 2024 ulionyesha kwamba takriban robo tatu ya tembo waliokaribia walirudishwa nyuma, na asali ikauzwa. Tai wa nyika za Asia ya Kati, binamu wa berkut, hufika Kenya kila mwaka kukwepa baridi, na mvua zikinyesha anaonekana Tsavo akitembea chini na kula kumbikumbi, bila ya kushikwa na mtu. Misitu ya Ngangao na Mbololo ina ndege ambao hawapatikani penginepo duniani. Kiongozi anayejua hayo yote ana kitu cha kuuza ambacho Altai hawana, ingawa kwa kawaida hulipwa kidogo kuliko dereva aliyemleta mgeni.

Kilicho hatarini zaidi ni ule ushirika wa asali. Herbert Friedmann, aliyeandika kitabu kikubwa juu ya ndege hao mwaka 1955, alikuwa amekwisha kuona kwamba mahali watu walipoanza kununua sukari dukani, ndege nao waliacha kuongoza. Berkut anaweza kuzalishwa kituoni na kufundishwa upya na mtu aliyesoma kitabu. Ndege wa asali hujifunza kwa watu wanaomwitikia, na hifadhi haziruhusu kuingia na shoka na moshi, huku vijana wa Miasenyi wakipanda treni kwenda Mombasa kutafuta kazi.